DENI NA ASKARI
Kwa nini hakimu lazima asimame katikati

Katika miji yetu, na hata katika vijiji, neno moja limekuwa la kila siku: «Nitakutumia polisi.» Mwenye duka analisema kwa mtu aliyechukua mchele kwa deni. Mwenye nyumba analisema kwa mpangaji wake. Mkwe analisema kwa mkwe sababu ya mahari isiyotimizwa, na ndugu kwa ndugu sababu ya kiwanja walichoachiwa na baba. Kesho yake askari anafika na karatasi mkononi, na jioni mtu analala katika kasho. Huyo hakuiba, wala hakupiga mtu, wala hakuvunja mlango wa mtu. Ana deni tu, au anadhaniwa kuwa nalo.

Watu wengi wamezoea jambo hili, hata wanadhani ndiyo kazi ya polisi. Sivyo. Tunataka kulitazama kwa njia ya historia, kwani historia inatuonyesha kwamba mataifa mengi yamepita katika shimo hili, na kwamba wale waliotoka walitoka kwa njia moja: walimweka hakimu kati ya mwenye kudai na mwenye silaha.

I. Utaratibu wa Injili

Tuanze na Injili, maana ndani yake mambo ya madeni yanarudi mara nyingi. Katika sura ya 12 ya Mtakatifu Luka, mtu mmoja katikati ya makutano alimwomba Bwana Yezu amwamuru ndugu yake agawe naye urithi. Bwana alikataa, akiuliza ni nani aliyemweka kuwa mwamuzi wao. Yeye atakayehukumu wazima na wafu hakutaka kushika kazi ambayo hakupewa kati ya ndugu wawili. Basi askari wa mtaa atasema nini?

Mbele kidogo, katika sura ile ile, Bwana anamshauri mtu apatane na mshitaki wake wakiwa bado njiani, kusudi asivutwe mbele ya hakimu, hakimu naye asimtoe kwa askari, na askari asimtie gerezani. Tuangalie vizuri utaratibu huo. Kwanza ni njia, mahali pa kupatana. Pili ni hakimu. Askari anakuja wa tatu, tena kwa neno la hakimu.

Kinyume chake tunamkuta katika sura ya 18 ya Mtakatifu Mateo. Yule mtumwa aliyesamehewa talanta 10,000 alimkuta mwenzake mwenye deni la dinari 100. Hakukubali kupatana, wala hakutafuta hakimu. Alimkaba koo, kisha akamtia gerezani. Aliruka hatua ya katikati. Historia ya madeni karibu yote ni historia ya hatua hiyo: mara inaheshimiwa, mara inarukwa.

II. Waroma wa kale

Sheria ya zamani kabisa ya Waroma, ile ya Mbao Kumi na Mbili, iliandikwa karibu na mwaka wa 450 mbele ya Kristu. Ilikuwa kali sana. Mwenye deni aliyekiri deni lake au kuhukumiwa alipewa siku 30 za kutafuta mali. Zikipita, mdai aliweza kumkamata kwa mkono wake na kumleta mbele ya mkubwa wa hukumu. Asipolipa, na kama hakuna mtu wa kumdhamini, mdai alimchukua kwake, akamfunga kwa kamba au kwa minyororo. Aliweza kumshika siku 60, na katika siku za mwisho alimleta mara tatu sokoni mbele ya hakimu, akitangaza deni lake, labda atatokea mtu wa kumwonea huruma. Baadaye aliweza kumwua, au kumwuza utumwani ng’ambo ya mto Tiber.

Huo ni ukali wa kutisha. Lakini hata katika ukali huo Waroma walitaka neno la hakimu litangulie mkono wa mdai, na walihesabu siku. Mtu wetu anayelala katika kasho kwa simu moja ya mwenye duka hana hata siku 30 za wale wapagani.

Pamoja na hiyo kulikuwa na desturi nyingine: maskini alijitoa yeye mwenyewe, au mtoto wake, kuwa rehani ya deni. Tito Livio anasimulia kwamba kijana mmoja aliyetolewa hivyo kwa deni la baba yake alitendewa vibaya na mdai, akapigwa mijeledi. Kijana akakimbia nje, watu wakaona mgongo wake, mji mzima ukasimama. Ndipo mwaka wa 326 mbele ya Kristu ilipotolewa sheria inayoitwa Poetelia. Maana yake kwa kifupi ni hii: mali ya mdaiwa ndiyo itakayojibu deni, si mwili wake.

Sheria hiyo haikumaliza mabaya yote, lakini ilipanda mbegu. Mwaka wa 320 nyuma ya Kristu, Kaisari Konstantino alikataza kuwafunga gerezani watu waliochelewa kulipa kodi, kwani gereza ni la wahalifu. Na katika karne ya 6 Kaisari Yustiniano alikataza mtu yeyote kuwa na gereza lake binafsi. Tuseme hivi: gereza ni kitu cha serikali, si chombo cha mdai.

III. Askofu wa Hippo na deni la solidi 17

Mababa wa Ekleziya walijua mambo haya kwa macho yao. Mtakatifu Basili, katika mahubiri juu ya Zaburi, anasema aliona watoto wa watu huru wakikokotwa sokoni kuuzwa kwa deni la baba yao. Mtakatifu Ambrozi wa Milano, katika kitabu chake juu ya Tobia, anawakemea wadai waliozuia hata maiti ya mdaiwa isizikwe.

Lakini mfano unaotufaa zaidi ni wa Mtakatifu Augustino, na tunao katika barua yake ya 268. Mkristu mmoja, jina lake Fascius, alikuwa na deni la solidi 17, na watoza kodi walikuwa wakimsonga. Alipoogopa kukamatwa na kuteswa, alikimbilia kanisani. Sheria ya wakati ule ilikuwa ngumu: tangu mwaka wa 392 wenye deni la serikali waliokimbilia kanisani walipaswa kutolewa, ama maaskofu wawalipie. Augustino hakumtoa. Hakupigana na askari, wala hakusema deni si kitu. Fascius aliona haya kuombewa mchango mbele ya watu. Basi askofu akakopa solidi 17 kwa mtu mwingine, akalipa deni. Baadaye, siku ya kurudisha ilipopita na Fascius hakuonekana, Augustino aliwaandikia waamini wake wa Hippo wachange wamlipe yule aliyewakopesha.

Tunaona hapa mambo mawili pamoja. La kwanza: deni lazima lilipwe, na Ekleziya haifundishi watu kukimbia madeni. La pili: mwili wa mtu si mali ya kulipia deni. Anayeshika la kwanza tu anakuwa kama yule mtumwa mkorofi wa Injili. Anayeshika la pili tu anakuwa mlinzi wa wadanganyifu.

IV. Bulamatari anakopesha upanga wake

Tuvuke sasa karne nyingi, tufike kwetu. Katika Ulaya ya karne ya 19 magereza yalikuwa bado na watu wa madeni, lakini mataifa yalianza kuona haya. Ufaransa ilifuta kifungo cha deni katika mambo ya raia kwa raia mwaka wa 1867. Uingereza ilikipunguza sana mwaka wa 1869. Ubelgiji ilikifuta mwaka wa 1871.

Miaka 14 baadaye, mwaka wa 1885, Leopold wa II, mfalme wa Wabelgiji hao hao, alianza kutawala Dola Huru ya Kongo. Dekreti ya tarehe 30 Julai 1888 iliweka sheria nzuri juu ya mapatano: watu wakipatana kwa haki, neno lao linawafunga kama sheria. Hiyo ilikuwa katika karatasi. Msituni mambo yalikuwa mengine. Kampuni ya ABIR, iliyoundwa mwaka wa 1892 kwa kutafuta mpira, ilipewa nchi kubwa, na pamoja na nchi ilipewa haki ya polisi na haki ya kufunga watu. Kijiji kisipoleta mpira wa kutosha, walinzi wa kampuni waliwakamata watu, hasa wanawake na machifu, wakawaweka rehani mpaka mpira ufike. Tume ya uchunguzi ya miaka ya 1904 na 1905 iliandika mambo hayo wazi, na taarifa yake ilisaidia kuiondoa nchi mikononi mwa mfalme mwaka wa 1908.

Tufikiri kidogo. Ubaya wa ABIR haukuwa ukatili wa walinzi tu. Shina lake lilikuwa hili: mwenye kudai na mwenye silaha walikuwa mtu mmoja. Hakuna aliyesimama kati yao kuuliza: deni hili ni la kweli? Ni kiasi gani? Limetoka katika mapatano gani? Mahali maswali hayo hayaulizwi, ukatili hauchelewi kufika.

V. Mapatano ya kazi na mlango wa gereza

Baada ya 1908 mambo yalitengenezwa, lakini si yote. Katika Katanga, Union Minière ilianza mwaka wa 1906, na viwanda vilitaka watu wengi. Dekreti ya tarehe 16 Machi 1922 ilipanga mapatano ya kazi. Mapatano ya kazi ni jambo la watu wawili: mmoja anatoa nguvu zake, mwingine anatoa mshahara. Mmoja akivunja neno, mwenzake anaweza kudai hasara mbele ya hakimu. Lakini dekreti hiyo iliweka adhabu ya kifungo kwa mfanyakazi mweusi aliyeacha kazi kabla ya wakati. Kwa hiyo polisi ilimtafuta mtoro wa kazi kama inavyomtafuta mwizi. Wazee wetu wengi waliona gereza kwa sababu hiyo, si kwa wizi wala kwa damu.

Desturi hiyo haikuwa ya Kongo peke yake. Ilikuwa katika makoloni mengi. Shirika la Kimataifa la Kazi lilitoa mapatano yake ya 65 mwaka wa 1939, na ya 104 mwaka wa 1955, kusudi adhabu hizo zifutwe kabisa. Dunia ilitambua kwamba kuvunja mapatano si sawa na kuvunja amani ya nchi.

Lakini desturi haifi siku sheria inapokufa. Watu walijifunza kwamba mkubwa mwenye neno na wewe hakupeleki mbele ya hakimu, anakutumia askari. Na walipokuwa wakubwa wao wenyewe, wengi wao walifanya kama walivyofanyiwa.

VI. Baraza la wazee

Wakati huo huo kulikuwa na njia nyingine. Dekreti ya tarehe 15 Aprili 1926 ilitambua tribunali za wenyeji. Katika miji, baada ya dekreti ya mwaka wa 1931 juu ya vituo vya wenyeji nje ya desturi, tribunali hizo zilikata makambo ya watu wa makabila mbalimbali, na huko Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, Kiswahili kilisikika sana ndani yake. Makambo yenyewe yalikuwa yale yale ya leo: mahari, madeni, mbuzi, urithi, maneno ya mume na mke. Tangu mwaka wa 1933 gazeti moja la wanasheria la Elisabethville lilichapa hukumu zao.

Hatutaki kuzisifu kupita kiasi. Katika vijiji, chifu aliyeketi kuhukumu alikuwa mara nyingi ndiye yule yule anayekusanya kodi na kuamuru polisi wake. Hapo tena hakimu na askari walilala katika nyumba moja. Lakini kitu kimoja kilikuwa chema: wote wawili walisema, mashahidi walisikilizwa, jamaa walikuwapo, na shabaha ilikuwa kurudisha mali na kurudisha amani, kwa kuwa wale wawili wataendelea kuteka maji mahali pamoja.

Sheria ya mwaka wa 1968 ilipanga tribunali za amani zichukue nafasi ya zile za desturi. Katika sehemu nyingi tribunali hizo zilichelewa sana kufika. Polisi hawakuchelewa. Mwaka wa 1972 polisi iliunganishwa na jandarmeri, na tangu mwaka wa 1997 tunayo Polisi ya Taifa ya Kongo. Jina lilibadilika, lakini kituo chake kilikuwa karibu daima. Na miaka mingi mshahara wa askari ulikuwa mdogo, au haukufika. Basi mdai asiye na hakimu karibu alikutana na askari asiye na mshahara. Kwa mkutano huo ilizaliwa biashara tunayoiona: mdai analipa kusudi mtu akamatwe, mdaiwa analipa kusudi afunguliwe, na deni lenyewe linabaki pale pale.

VII. Sheria inasema nini leo

Watu wengi wanadhani sheria ya nchi inaruhusu mambo haya. Tusome. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 17, inasema uhuru wa mtu ndio kanuni, na kufungwa ni jambo la pekee tu. Kifungu cha 18 kinakataza polisi kumshika mtu kupita saa 48 bila kumfikisha kwa mkubwa wa sheria. Kifungu cha 182 kinaipa Polisi ya Taifa kazi zake: usalama wa watu wote, usalama wa watu na mali zao, kulinda na kurudisha utulivu wa nchi, na kuwalinda wakubwa wa serikali. Kazi ya kudai madeni haimo.

Zaidi ya hayo, mwaka wa 1976 nchi yetu, iliyokuwa ikiitwa Zaire, ilijiunga na Mapatano ya Kimataifa juu ya Haki za Raia na za Siasa, yaliyotolewa mwaka wa 1966. Kifungu chake cha 11 kinakataza kumfunga mtu kwa sababu tu hawezi kutimiza mapatano. Na kifungu cha 215 cha Katiba yetu kinayapa mapatano ya namna hiyo nguvu kupita sheria za kawaida.

Basi wadai wanapitia wapi? Wanabadilisha jina la kosa. Mtu akija na deni, anashauriwa aandike kwamba ametapeliwa, au kwamba uaminifu wake umevunjwa. Kweli, makosa hayo yamo katika kitabu cha sheria ya adhabu ya mwaka wa 1940. Lakini yana mipaka yake. Nikikuazima baiskeli uirudishe, nawe ukaiuza, hilo ni kosa la kuvunja uaminifu. Mtu akijiita jina la uwongo au kujifanya mkubwa asiyekuwa, kusudi apate mali yako, huo ni utapeli. Lakini nikikukopesha franka ufanye biashara, na biashara ikaanguka, hapo kuna deni tu. Fedha ulizokopa zilikuwa zako za kutumia; kilichobaki ni wajibu wa kulipa, na mahali pake ni mbele ya tribunali.

Je, polisi isiingie kamwe katika mambo ya raia kwa raia? Hapana, inaingia kwa milango mitatu. Wa kwanza: neno likigeuka kuwa ngumi, panga au moto. Mume anayempiga mke wake, au jamaa wanaomtupa mjane nje kwa nguvu, wasiseme hayo ni mambo ya nyumba. Damu ya mtu si jambo la faragha. Wa pili: kama kuna kosa la kweli la sheria ya adhabu. Wa tatu: hakimu akiisha kukata neno, na usie wa tribunali akihitaji nguvu ya kutimiza hukumu. Katika mlango huo wa tatu tunaukuta tena utaratibu wa Injili: hakimu kwanza, askari baadaye.

VIII. Tufanye nini sisi

Mtu atatujibu: «Tribunali ni mbali, inataka fedha, inachukua miezi. Mimi ni mjane, nilikopesha mali yangu yote. Nifanyeje?» Jibu hili lina haki, nasi hatulidharau. Mdai si tajiri daima. Mara nyingi ni maskini kama mdaiwa wake. Lakini tuangalie faida anayopata. Analipa askari, anamfunga mdaiwa, na aliyefungwa hafanyi kazi, hauzi, halimi. Na siku ambayo mtu mwenye fedha zaidi atamdai yeye mjane, atatumia kituo kile kile dhidi yake. Upanga wa kukodi unamfuata mwenye mfuko mzito.

Kwa hiyo tunaona kazi tatu. Kwanza, makatekista na wakubwa wa jumuiya wawasaidie watu kupatana wakiwa bado njiani: kuandika deni mbele ya mashahidi, kupanga siku za kulipa, kupunguza pale inapowezekana. Mtakatifu Paulo aliwalaumu Wakorinto kwamba hapakuwa na mtu mwenye hekima kati yao wa kuwaamua ndugu. Lakini baraza la parokia lisijifanye tribunali, wala lisiwe na kasho. Pili, tuzidi kuomba tribunali za amani zifike katika kila teritware, na askari alipwe mshahara wake, maana askari mwenye njaa hawezi kumkatalia mdai mwenye fedha. Tatu, sisi tutakaokuwa mapadri tusitumie kamwe cheo chetu kumwita polisi kwa deni la parokia, la shule, au la duka la misioni. Watu wanatutazama.

Askofu wa Hippo alikuwa na marafiki kati ya wakubwa wa serikali ya Roma. Alichagua kukopa solidi 17. Deni lililipwa, Fascius hakuteswa, na watu wa Hippo walijifunza tofauti kati ya mtu na mali. Mungu atupe sisi pia hekima hiyo, ili mdai apate haki yake, mdaiwa ashike neno lake, na askari abaki katika kazi aliyopewa.